Prezida Aliyepeleka Mahakama Koridoni

Miaka ile ya vita, Butembo haikukosa maprezida. Kulikuwa na Prezida wa Kinshasa, ambaye sisi tulimsikia redioni tu. Kulikuwa na prezida wa waasi waliotutawala, aliyekaa Beni, na baada ya muda waasi wakagawanyika, akatokea mwingine aliyesema kwamba yule wa kwanza si prezida tena. Kulikuwa na prezida wa wafanyabiashara, prezida wa wasukuma chukudu, zile baiskeli za mbao za kubebea mizigo, prezida wa kwaya. Lakini mtaani kwetu mtu akisema "Prezida amepita hapa" bila kuongeza neno, tulijua ni nani. Ni yule mzee mrefu mwembamba, mwenye koti la sufu, aliyetembea katika matope akiwa na buti za mpira miguuni na viatu vyake vyeusi katika mfuko wa plastiki.

Alikuwa prezida wa mahakama. Mimi nilikuwa karani wake, grefye kama tunavyosema kwetu, na pia jirani yake, kwa hiyo nilimwona akiwa na buti na nilimwona akiwa na viatu. Walikuwa watu wawili. Mwenye buti alikuwa jirani wa kawaida. Alisalimia kila mtu, akauliza habari za mbuzi, akasimama kueleza namna ya kupika supu ya poireaux, vile vitunguu virefu vya majani, mpaka unachelewa kazini. Akifika mahakamani alikaa kwenye ngazi ya mlango, akavua buti, akafuta viatu kwa kitambaa, akavivaa, akafunga kamba polepole. Kabla kamba hazijafungwa, ukimwendea na neno la kesi alikujibu, "Ngojea. Prezida hajafika bado." Watu walicheka, lakini walingoja.

Jengo letu lilikuwa na paa la mabati bila dari. Mvua ikinyesha, na Butembo mvua haiombi ruhusa, hakuna aliyesikia kitu. Wakili angeendelea kufungua na kufunga mdomo kama samaki. Prezida alikuwa akiinua mkono, na sote tulikaa kimya, washitaki na washitakiwa pamoja, tukingoja mvua imalize. Alisema mvua nayo ni wakili, tena ni wakili anayelipwa kwa maneno.

Muhuri wetu ulikuwa bado na jina la zamani la nchi, lile ambalo nchi ilikuwa imekwisha kulivua. Waasi walimwambia atengeneze mwingine. Akajibu kwamba atatengeneza siku watakapokubaliana wao kwa wao ni jina gani liandikwe. Siku hiyo haikufika, na tukaendelea kugonga ule wa zamani.

Zawadi hakupokea. Shemeji yake mwenyewe alikuwa na kesi ya mbuzi na binamu yake, akaja nyumbani na kikapu cha viazi. Prezida akakirudisha hadi kwa mlango wa shemeji, kwa miguu, akipanda kilima kizima akiwa amekibeba kichwani, na watu wote wakimwona. Kisha kesi ilipokuja akampa ushindi binamu. Krismasi mbili hawakualikana.

Lakini huyo huyo mtu mkali aliogopa mbwa. Aliogopa pia mke wake, na hilo hakulificha. Alipenda saa, alifoka mtu akichelewa, na saa yake ya mkononi ilikuwa imesimama tangu kabla ya vita. Kanisani aliimba sauti ya chini kwa nguvu nyingi na bila kupatana na mtu yeyote. Padri aliwahi kumwomba kwa upole asali kimoyomoyo. Alikubali, na Jumapili iliyofuata akaimba tena.

Alikuwa na msemo mmoja aliourudia mpaka nikauota. Akimaliza kusoma hukumu, alivua miwani na kuwatazama watu wa pande zote mbili. "Jugement haiko mahubiri," alisema. "Mahubiri unasikia, unarudia kwako. Jugement unasikia, unafanya."

Watu wadogo walifanya. Wakubwa ndio waliofikiri wamesikia mahubiri.

Kesi iliyomfanya ajulikane mpaka Beni ilikuwa ya bonde. Upande wa chini wa mji kulikuwa na bonde lenye maji, ambapo kina mama walilima shu, yaani kabichi, poireaux na maharagi. Mashamba ya mbali yalikuwa hayaendeki tena kwa sababu ya watu wenye bunduki. Familia nyingi zilikula kutoka bonde lile. Basi mkuu wa ofisi ya viwanja, ambaye tulimwita Shefu, mtu mnene mwenye mashati mazuri, aliyewekwa na waasi, akaamka siku moja akaligawa bonde kuwa parseli za kujengea. Akapanda vijiwe vya saruji vya mipaka katikati ya shu.

Kina mama wakaja mahakamani. Msemaji wao alikuwa mjane mmoja tuliyemwita Mama Kahindo, mfupi, mwenye sauti ya kuita watu ng'ambo ya kilima. Hakuwa na wakili. Alisema bonde lile ni la maji, na nyumba itakayojengwa pale itaogelea, na watoto watakula nini wakati nyumba inaogelea? Prezida akaenda mwenyewe kutazama, akasoma karatasi za pande zote, na mwishowe akaamua: bonde si mahali pa kujenga, ugawaji umevunjwa, Shefu ang'oe vijiwe vyake.

Shefu hakung'oa hata kimoja. Badala yake akapanda vingine.

Prezida akamwita aje kueleza kwa nini hajatii. Mara ya kwanza jibu lilikuja kwamba Shefu yuko safarini Beni, ingawa huissier, mjumbe wa mahakama aliyepeleka wito, alikuwa amemwona dirishani akila ndizi. Mara ya pili alikuwa mgonjwa wa mguu. Jumapili mguu huo ulicheza kwenye harusi, na mimi nilikuwepo. Mara ya tatu akaleta hoja ya sheria: hukumu ina muhuri wa nchi isiyokuwepo, kwa hiyo nayo haipo. Prezida aliisoma hoja hiyo mara mbili, akaniambia kwamba kumbe mtu huyu anajua kusoma, basi tatizo si macho.

Wakati ule kina mama walikuwa wakija kila asubuhi kusimama uani kwetu. Hawakupiga kelele. Walisimama tu na majembe yao, kwa sababu wakienda bondeni kijana fulani wa Shefu aliwafukuza, akikanyaga miche. Mama Kahindo aliniuliza siku moja kama mahakama ni ya kweli au ni ya maonyesho. Nilimpelekea Prezida swali hilo kama lilivyo, naye akaizungusha saa yake iliyosimama.

Kisha ikaja amri kutoka Beni: Prezida aende kujieleza. Yeye, si Shefu.

Alinichukua mimi, kwa kuwa alisema mahakama haisafiri bila karani wake. Tulipanda lori la maharagi, tukakaa juu ya magunia. Kwenye kizuizi kimoja cha barabarani askari walituteremsha. Mmoja akamuuliza yeye ni nani.

"Miye ni Prezida."

Askari wote wakasimama wima. Kisha mmoja akafikiri. "Prezida ya wapi? Ya Beni, ao ule mwengine?"

"Ya tribunal."

"Na prezida anapandaka kamyo ya maharagi?"

Prezida akamjibu kwamba wengine wanapanda ndege na hawafiki, yeye atafika. Wakacheka, wakatuachia. Mimi nilikuwa nimekwisha kusali sala zote ninazozijua.

Beni ni chini, ina joto, vumbi na pikipiki. Yeye alivaa koti lake la sufu na hakulivua. Tulingojeshwa kwenye benchi la nje mpaka jasho likamtiririka usoni kama mtu anayelia. Nikamwambia avue. Akasema akivua watafikiri amekuja kuomba.

Mkubwa wa sheria wa waasi alikuwa mtu wa adabu. Alitupa soda. Akasema kwa upole kwamba vita ina mahitaji yake, kwamba Shefu ni mtu wao, kwamba viwanja vinaleta mapato, kwamba mzee mwenye busara angeacha lile jambo la bonde lilale.

Prezida alikunywa soda yake yote kwanza. Hakuwahi kuacha soda.

"Niandikie," akasema. "Andika ya kama hapa kwenu jugement haifanyiwake kazi. Ukishaandika, nitaisoma mbele ya batu, nifunge mulango, niende kulima viazi. Sitakasirika."

Mkubwa akatazama kalamu yake. Nilimwona akiitazama. Neno kama hilo, hata waasi hawataki kuliweka kwenye karatasi yenye sahihi yao.

"Hapana hivyo, Muzee," akasema mwishowe. "Muende mutengeneze kule kule kwenu."

"Asanti. Nimepokea amri."

Nje nilimuuliza amepokea amri gani, maana mimi sikuisikia. Akasema ameambiwa akatengeneze, na anakwenda kutengeneza. Alitembea kuelekea sokoni akiwa na furaha kama mtoto, akamnunulia mke wake kitambaa cha rangi ambayo mke wake, nilijua mimi na alijua yeye, haipendi.

Jumatatu iliyofuata asubuhi nilimkuta kwenye ngazi, viatu vimekwisha kufungwa, na mbele yake chukudu mbili zimepakiwa meza ya mahakama, mabenchi na bendera. Akasema leo kikao hakitafanyika hapa. Sheria inaruhusu mahakama kuketi popote ndani ya mipaka yake, na yeye amechunguza, ofisi ya viwanja iko ndani ya mipaka yake.

Ofisi hiyo ilikuwa nyumba ndefu yenye korido moja. Chumba cha Shefu kilikuwa mwisho kabisa, mlango wake ukifungukia koridoni, dirisha lake likiwa na vyuma. Choo kilikuwa nje. Ukitaka kuingia, kutoka, kula au kujisaidia, unapita koridoni. Tuliweka meza katikati. Kina mama wakakaa kwenye mabenchi na chini, wamejaza korido mpaka barazani. Huissier akatangaza kwa sauti kwamba mahakama inaingia, ingawa tulikuwa tumekwisha kuingia na hakukuwa na nafasi ya kuingia tena.

Mlango wa mwisho ukafunguka kidogo. Tuliona jicho na kipande cha shati. Ukafungwa.

Prezida hakumwita. Alianza na kesi nyingine za siku hiyo, kwa utaratibu, kana kwamba tuko nyumbani: ukuta ulioanguka juu ya nguruwe, ndugu wawili na shamba la kahawa. Makarani wa viwanja walisikiliza kutoka vyumbani mwao, na mmoja alitoa maoni kuhusu nguruwe, akaonywa.

Shefu naye hakulala. Alimtuma mtu kupitia dirishani, akipitisha ujumbe katikati ya vyuma, kwenda kwa komanda wa askari wa waasi pale mjini. Haukupita muda wakaja askari wawili na bunduki zao. Mimi nilikuwa nimekaa karibu na Prezida, na chini ya meza niliona mikono yake. Ilikuwa inatetemeka sana, hata akaibana katikati ya magoti. Uso wake ulikuwa vilevile.

"Batoto," akawaambia askari, "muko mu tribunal. Mutoshe kofia."

Yule mdogo akamtazama mkubwa. Yule mkubwa, mtu wa makamo mwenye kovu kwenye kidevu, alikaa kidogo akifikiri, kisha akavua. Prezida akawaonyesha nafasi kwenye benchi, kina mama wakasogea, wakaketi. Nadhani walikuwa wamechoka tu. Waliweka bunduki kati ya magoti yao kama watu wanaoshika miavuli. Kesi ya shamba la kahawa ikaendelea. Ilipomalizika, mwenye kovu akainua mkono kama mwanafunzi. Akasema yeye ni mtu wa Luofu, na kule baba yake mdogo amechukua shamba la marehemu baba yake wakati yeye yuko vitani, na je, jambo hilo nalo linaweza kusikilizwa leo?

Prezida akamweleza kwa huzuni ya kweli kwamba Luofu haiko chini yake, aende Lubero. Akamweleza pia aanze na nani, aseme nini. Askari alirudia maneno hayo kwa midomo ili asiyasahau. Kisha akakumbuka alitumwa kufanya nini, akaona aibu kusimama, akaendelea kukaa.

Saa sita Shefu akashindwa. Si moyo ulioshindwa. Alitoka haraka, akitembea ubavu kwa ubavu na ukuta, macho chini.

"Grefye," akasema Prezida, "andika: muitwa amefika."

"Miye napita tu," akasema Shefu.

"Kila mutu anafikaka mu tribunal akipita. Tribunal inakupatia ruhusa ya kwenda choo. Lakini urudie."

Alikwenda. Alirudi, kwa kuwa kina mama walimsindikiza mpaka mlango wa choo na kumngojea hapo kwa heshima zote. Akasimama mbele ya meza akiwa amelowa jasho katika baridi ya Butembo. Prezida akamuuliza swali moja: je, alisikia hukumu? Alisikia. Je, alifanya?

Hapo Shefu akatoa alichokuwa ameficha. Nafikiri alikuwa amekitunza kwa siku ya namna hii.

"Prezida, mbele ya kuniuliza miye, jiulize weye. Lupango yako iko mu barabara. Shefu wa kartié alikwambia utoshe. Ulitosha?"

Korido nzima ikamgeukia Prezida. Ilikuwa kweli. Ua wa nyumba yake, miti iliyotambaliwa na marakuja ya mke wake, yaani pasheni, ulikuwa umekula nusu ya njia iendayo kwenye chemchemi. Wabeba maji wote wa mtaa walipita pale kwa ubavu, mguu mmoja kwenye mtaro, wakimwagikiwa. Mkuu wa mtaa alikuwa amemwamuru aukate, tangu zamani. Prezida alikuwa akijibu kila mara kwamba ataona.

Nilimwona akizeeka pale pale. Akanigeukia. Akauliza kama ni kweli, ingawa aliyeishi nyuma ya ua ule ni yeye. Nikasema ni kweli, Prezida.

Alivua miwani, akaifuta, akaivaa. Akasema audience, yaani kikao, inasimama mpaka saa nane.

Alivaa buti. Alipitia kwangu kuazima panga, maana la kwake alijua mke wake angelificha. Na watu wote tukamfuata: kina mama, makarani wa viwanja, wale askari wawili, ndugu wa shamba la kahawa. Mke wake alikuwa akimenya viazi barazani. Alipoona panga, umati, na mume wake akiwa ameinama mbele ya marakuja yaliyokuwa karibu kuiva, akauliza kuna nini. Prezida akasema bila kuinua kichwa kwamba anatekeleza amri. Mama akauliza ni mjinga gani aliyetoa amri hiyo, naye akajibu kwamba mjinga ni yule ambaye hakuitii mapema.

Alikata peke yake. Askari wa Luofu alitaka kumsaidia, akakataliwa. Hakujua kukata, panga lilidunda, matawi yalimrudia usoni, alichanwa mikono. Marakuja mabichi yalibiringika njiani mpaka mtaroni. Mama hakusema neno tena, na mimi niliyemjua, niliona heri angesema. Kwa majuma yaliyofuata alizungumza na mume wake kupitia kwangu tu. Yeye yuko hapo hapo, na mama ananiambia, "Kavira, ambia Prezida yako bugali iko ku meza."

Saa nane Prezida alikuwa tena koridoni, viatu vimefungwa, jani kwenye nywele, damu kidogo kwenye vidole. Hakuna aliyethubutu kulitoa lile jani.

"Bon. Tulikuwa tumefika wapi?"

Shefu akaomba juma moja. Prezida akamwambia kwamba yeye mwenyewe hakupewa juma. Shefu akamtazama askari mwenye kovu, na askari akatazama kofia yake. Basi.

Tulishuka bondeni wote. Shefu alikuwa na viatu vya ngozi ya rangi ya asali, na hatua ya kwanza tu matope yalimeza kimoja mpaka kwenye soksi. Alisimama kwa mguu mmoja kama korongo, akatazama ni nani anayemcheka, akawaona wengi. Prezida akakaa kwenye tuta, akafungua mfuko wake wa plastiki, akatoa zile buti za mpira na kumpa. Zilimbana, lakini aliingia. Yeye Prezida akabaki na viatu vyake vyeusi, akaenda navyo mpaka katikati ya maji, kijiwe hadi kijiwe, kwa sababu alisema hukumu inatekelezwa mbele ya macho ya mahakama.

Kijiwe cha kwanza hakikutoka. Shefu alivuta mpaka vifungo vya shati vikaruka. Mama Kahindo alimtazama kwa muda, kisha akasogea na kumpa jembe lake.

"Kwa mukono hautaweza, Shefu. Chimba pembeni kwanza."

Akachimba. Hakuna aliyemtukana. Kijiwe kilipotoka kwa sauti ya matope yanayonyonya, kina mama walipiga kigelegele kimoja kifupi, kisha wakanyamaza wangoje kingine. Alipofika cha mwisho jua lilikuwa bado juu ya mikaratusi, na Shefu alikuwa na matope mpaka kwenye masikio. Akauliza kama anaweza kwenda. Prezida alisema ndiyo, na asante, na arudishe buti kesho zikiwa safi. Alizirudisha, zimesafishwa. Nikiri kwamba siku ile nilimpenda kidogo hata Shefu.

Sitasema kwamba bonde lilipona milele. Komanda mwingine alikuja, Shefu mwingine akawekwa, na vijiwe vingine vikaonekana kando kando. Lakini kila mara Mama Kahindo alikwenda navyo moja kwa moja mahakamani, amevibeba kichwani, akavitua mbele ya meza yangu bila maneno. Tulikuwa na rundo zima uani. Na shu ziliendelea kuota. Watoto wengi wa mtaa wetu walivuka vita ile wakiwa wamekula kutoka bonde lile, nao wangu wamo.

Prezida alistaafu vita ilipomalizika, kama vita ya kwetu inaweza kusemwa imemalizika. Magoti ya mke wake yalikataa baridi, wakashuka Beni kwa binti yao aliyeolewa huko. Mimi nilibaki Butembo kwa muda, kisha nikahamishwa, nikaletwa mahakama ya Beni. Nilikodi nyumba mtaa wa Beu. Nilisikia kwamba mzee yupo mjini, nikawa kila juma nikisema nitakwenda kumwona.

Ni yeye aliyenitangulia. Asubuhi moja tulikuwa katika kesi ya shamba la kakao, chini ya hakimu kijana, mtu makini, mwenye sauti nyembamba, ambaye juma la kwanza nilimwona akijifunza mbele ya kioo kukunja uso. Katikati ya maneno ya wakili tukasikia mtu akikoroma. Si mkoromo wa kujificha. Ulipanda, ukakatika, ukapanda tena. Watu wakaanza kucheka. Hakimu akagonga meza, akaamuru anayelala aamshwe na atoke nje mpaka kikao kimalizike.

Wa benchi la nyuma wakamtikisa, na aliyesimama alikuwa Prezida. Alikuwa amepungua, fimbo mkononi, koti lilelile au ndugu yake. Alitazama kulia na kushoto mpaka akaelewa. Nilitaka kusimama niseme. Lakini yeye alikwisha kuinamisha kichwa kuelekea meza ya hakimu, chini kabisa, akatoka polepole, akiongoza fimbo katikati ya miguu ya watu.

Nilivumilia kidogo, nikashindwa. Nilimwonyesha hakimu ishara kwamba ninakwenda kuchukua faili, nikatoka. Alikuwa amekaa kwenye benchi la barazani, juani. Hakushangaa kuniona. Akauliza watoto, akauliza Butembo, akauliza kama Mama Kahindo bado anasikika ng'ambo ya kilima. Nikamwambia bado. Nikamwambia pia kwamba ninarudi ndani sasa hivi kumweleza yule kijana amemfukuza nani.

"Usimwambie."

"Prezida, hajui."

"Ni vizuri hajui. Ukimwambia, kesho ataniacha nikorome." Alitabasamu, na nikaona meno yaliyobaki. "Umeona vile alisema? Hakutetemeka."

Sikumwambia nilichowahi kukiona chini ya meza. Tulikaa. Kutoka ndani ilisikika sauti ya hakimu, ikiita jina la shahidi, ikiita tena. Mzee aliinua kichwa, akasikiliza, kisha akanigeukia na uso wa kikao ambao sikuuona kwa miaka.

"Kavira. Audience imesimamishwa?"

"Hapana, Prezida."

"Kuko tribunal bila grefye?"

"Hapana."

"Sasa unafanya nini huku inje?"

Nikainuka, nikanyoosha kitenge changu, nikaingia. Yeye alibaki barazani mpaka mwisho wa kikao, kama alivyoamriwa.